Rimu Iliingia, Haikukaa

"Fundi, haya matairi yamebalansiwa mara tatu na usukani bado unatetemeka." Mama mwenye gari alianza kusema kabla hajazima injini. Kando yake alikaa mpwa wake, kijana aliyezifunga rimu hizo kwa mikono yake mwenyewe, na ukimya wake ulinionyesha kwamba njia nzima alikuwa akiulizwa maswali.

Gari lenyewe ni Toyota Camry ya 2007. Lilikuwa na rimu za chuma za inchi 16, upana 6.5J (yaani inchi 6.5), ofseti milimita 45, matairi 215/60R16, yaani upana milimita 215, kimo cha ubavu asilimia 60 ya upana huo, kwa rimu ya inchi 16. Rimu moja ilipinda kwenye shimo la barabarani, nyingine ikaliwa na kutu mdomoni hadi ikawa haimalizi siku mbili na upepo. Wakaona kuliko kuhangaika na mbili za chuma, bora wabadili zote nne, wapande hadi inchi 17, waweke za aloi. Kijana akatafuta, akapata seti iliyotumika, yenye kupendeza, haina ufa wala mkunjo, iliyovuliwa kwenye sedani ya Kijerumani, na matairi yake juu. Rimu ina matundu matano, gari lina stadi tano, vile vijiti vyenye nyuzi vinavyopokea nati. Zikaingia bila kusukumwa. Wiki mbili baadaye wakawa mbele yangu.

Nilipoliendesha, chini ya kilomita 60 kwa saa lilikuwa limetulia kabisa. Kwenye 80 usukani ukaanza kucheza kidogo mkononi, kwenye 100 ukawa unatikisika hadi saa ya mkononi inagonga. Kupita hapo mtetemo ulipungua lakini haukuisha. Jambo moja alilolisema yule mama nililiweka akilini: kila walipofungua gurudumu na kulirudisha, mtetemo ulibadilika. Siku nyingine ulikuwa mdogo, siku nyingine mkubwa, na mashine ya balansi kila mara ilisoma sifuri.

Balansi ikisoma sifuri huku gari linatetemeka, watu hukimbilia kulaumu mashine, au tairi, au tai rodi za usukani. Mimi kwanza hujiuliza gurudumu lilishikwa vipi kwenye mashine, na linashikwa vipi kwenye gari. Mashine huishika rimu kwa koni inayopita tundu la katikati. Hapo gurudumu linazunguka juu ya kitovu chake halisi, halina pa kuhama. Likirudi kwenye gari linashikwa na habu, kile chuma cha gari ambacho gurudumu hufungwa juu yake, na nati. Kama habu na nati haziliweki pale pale koni ilipoliweka, zile risasi zote, vipande vya uzito wa balansi vilivyobandikwa kwenye rimu, zimepimwa kwa kitovu ambacho gari halina.

Nikachukua spana kabla ya jeki. Gurudumu la mbele kushoto, nati tatu kati ya tano ziligeuka karibu robo mzunguko kwa mkono mmoja.

"Jana nilizikaza," kijana akasema. "Shangazi ni shahidi."

Nilimwamini. Nati iliyokazwa jana na kulegea leo haina maana kwamba mkazaji ni mvivu. Mara nyingi maana yake ni kwamba ilikaa mahali pasipo pake, ikapata pa kuzama.

Tulinyanyua gari, nikalivua gurudumu, nikaligeuza chini ya taa. Hapa ndipo kisa kilipojieleza chenyewe. Ndani ya kila tundu la nati kuna kikalio, ule mzingo ambao nati huukalia. Nati ikikaa sawasawa huacha pete inayong'aa, kamili, pande zote. Kwenye rimu hii hapakuwa na pete hata moja. Matundu yote matano yalikuwa na alama ya hilali, mwezi mwembamba wa alumini iliyosuguliwa hadi kumeta, na hilali zote tano zilikuwa upande mmoja: upande wa nje, ule ulio mbali na kitovu cha rimu. Upande wa ndani wa kila kikalio ulikuwa bado na vumbi jeusi la breki, haujaguswa na kitu.

Ingekuwa hilali zimeelekea kila moja upande wake, ningesema gurudumu lilifungwa ovyo. Zikiwa zote tano zinatazama nje, maana ni moja tu. Stadi za gari zimesimama kwenye duara kubwa kuliko duara la matundu ya rimu.

Duara hilo ndilo mafundi wanaloliita PCD: kipenyo cha duara linalopita katikati ya stadi zote. Camry hii ni 5x114.3, yaani stadi tano kwenye duara la milimita 114.3, ambazo ni inchi nne na nusu kamili. Magari mengi ya Kijerumani yana 5x112. Tofauti ni milimita 2.3 kwa kipenyo, kwa hiyo kila stadi inapishana na tundu lake kwa nusu ya hiyo, milimita 1.15. Stadi ina unene wa milimita 12. Matundu ya rimu hii yalikuwa na kipenyo cha 15. Ukiiweka stadi katikati ya tundu inabaki nafasi ya milimita 1.5 kila upande, ukitoa 1.15 ya kupishana, bado kuna theluthi ya milimita ya ziada. Ndiyo maana rimu iliingia kama iliyozaliwa na gari. Ingekuwa 5x100 isingeingia kabisa, na leo tusingekuwa na kisa. Hatari iko kwenye vipimo vinavyokaribiana.

Kijana hakuwa mzembe, na hili nalisisitiza kwa sababu wengi wakisikia kisa hiki husema "si angepima tu." Alipima. Alikuwa amepima kwa futi ya chuma na akapata 114, akaandika kwenye simu, akanionyesha. Nilimwomba anionyeshe alivyopima.

Rimu yenye matundu manne ni rahisi, tundu linatazamana na tundu. Yenye matano haina tundu linalotazamana na jingine, kwa hiyo kuna njia ya mkato inayozunguka kati ya watu: weka ncha ya futi kwenye ukingo wa nje wa tundu moja, ruka tundu la jirani, pima hadi katikati ya linalofuata. Wanasema hiyo ndiyo PCD. Kijana akafanya hivyo mbele yangu, na futi ikasoma 114.

Hesabu yake iko hivi. Umbali wa katikati hadi katikati kwa kuruka tundu moja ni PCD mara 0.951. Kwa rimu ya 112 hiyo ni milimita 106.5. Yeye alianzia ukingoni, kwa hiyo aliongeza nusu ya kipenyo cha tundu, milimita 7.5. Jumla 114.0. Njia ya mkato haikukosea kidogo tu. Ilimpa namba ileile aliyokuwa anaitafuta. Rimu ya kweli ya 114.3 yenye matundu ya 15, ukiipima kwa mtindo huo, ingesoma karibu 116, naye angeikataa! Njia hiyo inategemea ukubwa wa tundu, na ukubwa wa tundu hubadilika rimu hadi rimu. Nimeiona ikifundishwa mara nyingi na sijawahi kuipenda, lakini sikuwahi kuiona ikidanganya kwa ufasaha hivi.

Njia ninayoitumia haihitaji kukisia katikati ya tundu iko wapi. Chukua venia, kile kipimo chenye taya mbili. Kwenye rimu, pima kutoka ukingo wa kushoto wa tundu moja hadi ukingo wa kushoto wa tundu la jirani. Kwa kuwa matundu yana ukubwa mmoja, umbali huo ni sawa na katikati hadi katikati. Zidisha kwa 1.701. Kwenye gari, pima nje hadi nje ya stadi mbili jirani, halafu toa unene wa stadi moja ulioupima kwa venia hiyohiyo. Gari lilinipa 67.2, ambayo ni 114.3. Rimu ilinipa 65.8, ambayo ni 112. Tofauti ya jirani kwa jirani ni milimita 1.4. Futi ya fundi seremala, iliyoshikwa kwa mkono juu ya tundu lisilo na alama ya katikati, haiwezi kuiona tofauti hiyo kwa uhakika, hata kama macho ni mazima.

Kijana alipima mwenyewe mara mbili. Mara ya pili hakusema kitu.

Mgongoni mwa rimu paliandikwa 7.5Jx17H2 ET37 (ET ndiyo ofseti), na namba ya kiwanda. PCD haikuandikwa. Rimu nyingi zinazotoka na gari kiwandani haziiandiki, na muuzaji anayekuambia "hizi ni mia na kumi na nne" mara nyingi naye aliambiwa.

Kosa la duara lingeweza kugundulika mapema kama lisingefichwa na kosa la pili. Katikati ya habu ya Camry kuna mdomo wa chuma unaotokeza, kipenyo milimita 60.1. Rimu ya kiwanda ya gari hili ina tundu la 60.1 linaloukumbatia mdomo huo, na hapo gurudumu hujiweka katikati kabla hujagusa nati. Rimu hii ilikuwa na tundu la 66.6. Milimita sita na nusu za hewa. Habu haikuigusa rimu popote, kazi yote ya kuliweka gurudumu katikati ikaachiwa nati, na nati zenyewe zilikuwa zimekalia pembe.

Basi fikiria kijana anakaza nati ya kwanza. Koni yake inalivuta tundu kuelekea kwake, gurudumu zima linahama kidogo hadi stadi za upande wa pili zigonge kingo za matundu yao. Nafasi iliyopo inaruhusu kuhama karibu milimita 0.4. Nilifunga waya kwenye stendi, ncha yake ikikaribia mdomo wa rimu bila kuugusa, nikalizungusha gurudumu polepole: pengo lilipanuka na kubana kwa karibu milimita moja kwa kila mzunguko. Kwa macho ni kitu cha kupuuza. Lakini chukua gurudumu la kilo 20 lililohama milimita 0.4, halafu hesabu ni risasi ya uzito gani ingeleta mtetemo wa namna hiyo ikibandikwa kwenye mdomo wa rimu ya inchi 17. Jibu ni karibu gramu 37. Fundi balansi akikuachia gramu 37 hutarudi kwake. Kila walipofungua na kufunga, nati nyingine ilitangulia kukazwa, gurudumu likahamia upande mwingine, na mtetemo ukabadilika. Hapo maneno ya mama yakapata tafsiri.

La tatu lilikuwa umbo la kikalio. Nati walizotumia ni zile za rimu za chuma, zenye koni ya digrii 60. Vikalio vya rimu hii vilichongwa kwa mviringo, kama nusu ya mpira, kwa ajili ya bolti zenye kichwa cha mviringo. Koni ndani ya bakuli hugusa kwa mstari mwembamba tu badala ya uso mzima, na hapa hata mstari wenyewe ulikuwa nusu kwa sababu ya duara lisilolingana. Alumini ni laini. Eneo dogo likibeba nguvu yote linapondeka, likishapondeka mvuto wa stadi unapungua, na nati inalegea. Uzito wa gari haubebwi na stadi kama watu wanavyofikiri. Unabebwa na msuguano kati ya uso wa rimu na uso wa habu vikiwa vimebanwa kwa nguvu. Mbano ukipungua, rimu inaanza kuteleza kidogo kidogo na stadi zinapokea kazi zisizoumbiwa. Nilipozipangusa, mbili zilikuwa na nyuzi zilizopondeka upande mmoja. Nilibadili zote tano za gurudumu lile. Sipendi kubadili mbili na kuziacha tatu zilizopita mateso yaleyale.

Ofseti na tairi nitavipitia haraka, ingawa navyo vilikuwa na makosa yake. Ofseti ni umbali kutoka mstari wa katikati ya upana wa rimu hadi uso unaokutana na habu. Kutoka 6.5J ET45 kwenda 7.5J ET37: upana umeongezeka inchi moja, yaani milimita 12.7 kila upande, na ofseti imepungua 8, kwa hiyo mdomo wa nje umetoka milimita 20.7 na wa ndani umeingia 4.7. Tairi kutoka hivyo kwa kawaida hugusa fenda gari likipakia watu, lakini hili halikugusa. Sababu ni kwamba matairi yaliyokuja na rimu yalikuwa 225/45R17, kimo chake milimita 634, wakati ya zamani yalikuwa 664. Tairi lilikuwa fupi kwa asilimia nne na nusu. Gari lilishuka milimita 15, spidomita ikasoma 100 wakati gari liko kwenye 95 na ushee, na ufupi huo ndio uliolificha kosa la ofseti. Kisha namba ya uzito ambao tairi linaruhusiwa kubeba: matairi ya zamani yalikuwa 95, kilo 690 kila moja, haya yalikuwa 91, kilo 615. Kwa manne, kilo 300 zimetoweka, na huyu mama huwa haendi safari ndefu peke yake.

"Sasa hakuna kitu cha kuweka katikati ili zikae?" aliuliza. Zilimpendeza, na kusema kweli hata mimi zilinipendeza.

Vitu vya kuweka vipo. Kuna spesa zenye stadi zake, unafunga spesa kwenye gari kwa 114.3 na rimu kwenye spesa kwa 112. Lakini spesa ya namna hiyo inahitaji unene wa kutosha kubeba stadi zake, tuseme milimita 20, na ET37 ikitoa 20 inakuwa ET17. Mdomo wa nje ungetoka milimita 40 kuliko wa kiwandani. Beringi na bol-joint zingelipa gharama hiyo, na usukani ungeanza kufuata kila mfereji wa lami. Kuna nati zenye pete inayocheza, zilizotengenezwa kwa tofauti ndogo kama hii. Wapo wanaozitumia na wanafika salama. Mimi sikutaka kuzifunga kwenye gari ambalo nati zake zimeshalegea mara moja, na mwenye gari hatakumbuka kila mtu atakayemsaidia barabarani amweleze habari za pete. Kutoboa upya hakukujadiliwa. Tundu jipya lingemezana na la zamani.

Zikarudi. Tukaanza upya, na safari hii tulianzia kwenye gari badala ya kuanzia kwenye rimu. Kijana akaandika kwenye karatasi: 5x114.3, tundu la katikati 60.1, nati M12x1.5 (uzi wa milimita 12, hatua ya 1.5), kiwandani 6.5J ET45. Kisha tukafungua mlango wa dereva, kibandiko cha nguzo kikataja 215/60R16 na pia 215/55R17. Hiyo ya pili ina kimo cha milimita 668, nne tu zaidi ya ya kwanza. Kwa hiyo tairi likachaguliwa kabla ya rimu. Watu hufanya kinyume, na ndivyo wanavyojikuta na rimu nzuri isiyo na tairi linalofaa.

Nikapima kitu kimoja zaidi ambacho wengi hukisahau. Niliirudisha rimu moja ya chuma iliyokuwa bado nzima, nikashusha gari chini, nikapima nafasi kati ya ubavu wa ndani wa tairi na shokapu ya mbele. Milimita 17. Chini ya 6 huwa sipendi, maana tairi hujikunja na shokapu hucheza.

Seti tatu zilipatikana, zote 5x114.3 kwa venia, si kwa maneno.

Ya kwanza ni ya Toyota yenyewe, 17x7J ET45, tundu 60.1. Ya pili ni spoti rimu mpya, 17x7.5J ET48, tundu 73.1, ina alama ya JWL, ile ya viwango vya Japani kwa rimu za aloi. Ya tatu ilitoka kwenye Honda, 17x7J ET55, tundu 64.1, na ndiyo iliyokuwa safi kuliko zote.

Ya tatu tuliiacha kwa uchungu. Ofseti 55 dhidi ya 45 inaliingiza gurudumu ndani milimita 10. Kila nusu inchi ya upana wa rimu hulitanua tairi kwa takriban milimita 5, nusu yake kila upande, kwa hiyo ongeza 2.5. Kwenye 17 zetu inabaki 4.5. Juu ya hapo vikalio vyake ni vya mviringo, nati zake ni za namna yake, na tundu linahitaji pete. Matatizo matatu, kila moja lina dawa, lakini lile la kwanza peke yake lilitosha.

Ya pili ningeikubali, na nilimwambia hivyo. Ofseti 48 inaingiza 3, upana wa inchi moja zaidi unaongeza 5, inabaki 9. Nje inatoka milimita 9.7 tu. Vikalio ni vya koni, nati ni zilezile. Tundu la 73.1 limefanywa kubwa makusudi ili rimu moja iuzwe kwa magari mengi; unanunua pete ya 73.1 kwa 60.1, inajaza nafasi, gurudumu linakaa katikati. Pete haibebi uzito, kazi yake ni kuliweka gurudumu mahali pake wakati nati zinakazwa, basi. Tatizo lake ni kwamba hudondoka siku ya pancha, na anayefunga tairi gizani haitafuti.

"Ipi ina vitu vichache vya kukumbuka?" mama akauliza.

Ya kwanza. Ingawa nayo ilikuwa na chake, na nilibaki nikicheka mwenyewe. Rimu za aloi za Toyota za wakati ule hazikaliwi na koni. Nati yake ina shingo ndefu inayoingia ndani ya tundu na washa bapa inayokalia uso bapa. Ukifunga nati ya koni hapo, umerudia kosa la vikalio kwa gari na rimu za kampuni moja. Nyuzi ni zilezile, M12x1.5, kwa hiyo zitaingia vizuri tu na hakuna kitakachokuonya. Tukatafuta nati 20 za washa. Zile za koni hatukuzitupa: tairi la akiba bado liko kwenye rimu ya chuma, na rimu ya chuma inataka koni. Nati tano za koni ziko kwenye mfuko mdogo, umefungwa kwenye mpini wa jeki, mahali ambapo haiwezekani kutoa jeki bila kuuona.

Katika nne za seti hiyo, moja ilikuwa na mstari wa kulehemu kwa ndani, umepigwa msasa na kupakwa rangi. Ulionekana kwa kidole kabla ya macho. Tuliikataa, ikaletwa nyingine. Nyingine zote nilizizungusha mbele ya waya kabla ya tairi kupanda juu, kwa sababu ukishapandisha tairi huwezi tena kujua kinachopepesuka ni kipi.

Kufunga hakukuwa na maajabu. Uso wa habu nilisugua kutu kwa brashi ya waya hadi chuma kikaonekana, maana ganda la kutu likibaki upande mmoja rimu inakaa kombo hata kama vipimo vyote ni sahihi. Rimu ilipofika kwenye mdomo wa habu ilisita, ikahitaji kusawazishwa kwa viganja viwili, kisha ikaingia na kusimama yenyewe bila nati hata moja. Nilimwita kijana aisukume juu na chini. Haikucheza. Akaitazama kwa muda, kisha akatikisa kichwa. Siku ile nyingine zilikuwa zimening'inia kwenye stadi, akasema, na yeye akadhani ndivyo inavyotakiwa. Nati tulikaza kwa mtindo wa nyota, kwanza kwa mkono, kisha kwa spana ya kipimo hadi nyutoni mita 103, ambayo ndiyo ya kiwanda kwa gari hili, nyuzi zikiwa kavu bila grisi. Matairi 215/55R17, namba 94, kilo 670.

Tulilijaribu jioni hiyo. Kwenye 80, kimya. Kwenye 100 mama akauachia usukani kidogo, akaushika tena, akauliza kama spidomita ni nzima.

Walirudi baada ya kilomita 100 kukaguliwa nati, kama nilivyowaagiza. Mbili zilisogea kwa upana wa unyasi, hilo ni la kawaida kwa rimu ngeni kwenye habu. Nilizifungua tena zote tano za mbele kushoto kwa udadisi wangu tu, nikaangaza taa. Pete kamili, zinang'aa pande zote.

Zile za Kijerumani kijana alizirudisha mwenyewe kwa muuzaji, pamoja na matairi yake. Kabla ya kuzipakia alichukua chaki, akaandika mgongoni mwa kila moja: 65.8, si 67.2.